Mwalimu Aliyepima Nyota kwa Jirani Zake

Sitasema alizaliwa wapi wala ni wa mbari gani. Sijui, na yeye hakuwa mtu wa kukueleza. Huku kwetu Mukurweini walimu wamepita wengi, wengine na majina ya utani ambayo siwezi kuandika, lakini ukisema "Mwalimu" tu bila kuongeza kitu, kila mtu wa rika langu anajua unasema nani. Ni yule wa nyota.

Kila jioni, saa moja na nusu, alitoka nje na kigoda cha miguu mitatu, blanketi, na tochi aliyoifunga mdomoni karatasi nyekundu ya biskuti ili isimchome macho. Aliketi nyuma ya choo. Ndiyo, nyuma ya choo, kwa sababu hapo tu ndipo migomba haikuziba upande wa kusini. Watu wa huku wakitaka kutazama kitu wanatazama mlima. Yeye aliupa mlima mgongo miaka ishirini, akatazama chini kule juu ya matuta ya Murang'a, na saa mbili ikifika alikuwa ameshaingia ndani kula. Hakuwa mtu wa kukesha. Wanaosema alikesha hawakuwahi kukaa naye. Mimi nilikaa naye.

Nyota yake ilikuwa moja. Nyingine alizitazama pia, lakini hizo zilikuwa kama mbuzi wa jirani, unawaona wakipita. Hii yake aliiita Kigeugeu. Inaonekana jioni kuanzia kama Februari mpaka Julai, na ukiitazama siku moja huoni ajabu yoyote. Ni nyota tu. Ukiitazama siku arobaini ndipo unaona kwamba inapanda mwanga, inashuka, inapanda tena. Mwezi na siku kama tano, mzunguko mmoja. Mwalimu alisema inapumua. Inavimba na kunywea kama kifua cha mtu aliyelala, na ukijua pumzi moja inachukua muda gani unaweza kujua nyota yenyewe inang'aa kiasi gani, na kutoka hapo ukajua iko mbali kiasi gani. Mimi niliacha shule darasa la tatu. Sikubishana.

Alipimaje? Hakuwa na mashine. Alikuwa na macho na kitabu cha kurasa za mraba. Karibu na Kigeugeu kuna nyota mbili zisizobadilika, moja yenye mwanga zaidi na moja yenye mwanga mdogo. Aliziita jirani mkubwa na jirani mdogo. Ukiona Kigeugeu iko sawa na jirani mkubwa, ni kumi. Ikiwa sawa na jirani mdogo, ni sifuri. Ikiwa katikati, unapasua nafasi hiyo kichwani, unasema tano, unasema saba. Nambari moja, jioni moja, basi. Kila baada ya miezi alinakili nambari na kuzipeleka posta, kwa watu fulani wa ng'ambo wanaokusanya nambari za aina hiyo kutoka kila pembe ya dunia. Walimjibu kwa barua fupi. Hawakumlipa hata senti, na hilo ndilo lililowachekesha majirani kuliko nyota yenyewe.

Nitasema mapema ili usifikiri ninaficha: mimi nilikiharibu kitabu hicho. Macho ya Mwalimu yalipoanza kufa, macho yaliyofuata yalikuwa yangu, na katika msimu wa tatu nilimpa nambari za uongo. Si moja wala mbili. Sasa umejua, tuendelee.

Alivyonipata ni hivi. Mimi nilikuwa kwenye kiwanda cha kahawa, yule mtu anayesimama mlangoni wakulima wakileta mavuno, anaingiza mkono kwenye gunia na kusema hii ndiyo, hii bado, hii imepita, rudi ukachambue. Kazi ya kutukanwa. Mwalimu alikuwa mkulima mbaya kabisa, mikahawa yake haikupogolewa, ilikuwa na nywele kama mtu aliyetoka jela. Jioni moja alileta madebe mawili, jua limeshazama, akadhani giza litamsaidia. Nikatoa punje moja moja, nyekundu huku, nyekundu-lakini-bado huku.

"Unaona tofauti gani hapo?" akaniuliza.

"Mwalimu, hii na hii si rangi moja."

"Kwa giza hili?"

"Kwani giza inabadilisha kahawa? Peleka nyumbani uchambue."

Watu kwenye foleni walicheka, maana wengine aliwachapa shuleni. Hakukasirika. Alinitazama kama mtu aliyeona ng'ombe mzuri sokoni. "Wewe uko na macho," akasema. Wakati huo hakusema zaidi. Miaka minne ilipita ndipo alipokuja kuyaomba.

Viboko. Siwezi kumwandika bila kusema viboko. Alichapa, na alichapa kwa sababu ambazo mwalimu mwingine hangechapa. Aliwatoa watoto nje wapime kivuli cha mlingoti wa bendera, kila mmoja peke yake, aandike. Watoto walifanya kama wafanyavyo watoto, mmoja mwenye akili akapima, wengine wakanakili. Nambari zikatoka sawasawa zote. Mwalimu aliwapanga mstari akawachapa darasa zima, na mwenye akili pia. Aliyeachwa ni msichana mmoja aliyekuwa ameandika, "Sikupima, nilikuwa natapika." Huyo alipewa kalamu mpya. Wazazi walikuja wakali.

"Unachapa mtoto kwa sababu amepata jibu!" mama mmoja akampigia kelele.

"Hajapata. Ameokota."

Alikuwa na msemo, "'Sikuona' nayo ni habari." Katika kitabu chake kuna kurasa nzima za Juni na Julai, ile baridi yetu ya manyunyu ambayo jua linasahau njia, na kila siku imeandikwa: mawingu, mawingu, mawingu. Nilimwambia anaharibu wino. Akasema mtu wa ng'ambo akisoma "mawingu" anajua kwamba hapa alikuwepo mtu aliyetoka nje. Pasipoandikwa kitu, hajui kama mtu alilala, alikufa, au alisahau.

Na msemo wa pili: "Jana imekufa." Huu ulikuwa sheria. Kabla ya kutoka nje hakufungua kitabu kuona alisema ngapi jana. Ukimkumbusha alikasirika kweli. Alisema ukijua jana ilikuwa sita, leo jicho lako litakuwa tayari na sita au saba, litakupa unachongojea. Nilifikiri ni ushamba wa wasomi. Kiwandani jana ndiyo inayokusaidia: mtu aliyeleta takataka jana unamwangalia vizuri leo. Tulibishana hilo mara nyingi bila kumaliza.

Sasa usifikiri alikuwa malaika wa ukweli. Nikisema alikuwa mwongo sitakuwa nimemtukana, atacheka huko aliko. Alimwambia mchungaji ana mafua kila Jumapili ya mchango. Alimwambia mkewe, ambaye sote tulimwita Mama Mwalimu, kwamba ameacha ugoro, na kopo la ugoro lilikaa ndani ya buti moja mlangoni miaka yote. Mama Mwalimu alijua. Aliweka hata jani la mgomba juu ili ugoro usikauke. Mwalimu alidanganya kwenye mkutano wa mipaka ya mashamba, alidanganya umri wake, alimdanganya mkaguzi wa shule kwamba vitabu vililiwa na mchwa. Nilimwuliza mara moja, wewe mtu, unachapa watoto kwa sababu ya kivuli, na asubuhi umemwambia mzee kanisani shangazi yako amekufa?

"Shangazi hana jirani wa kumlinganisha naye," akasema. Akavuta ugoro, akapiga chafya, akafuta machozi. Sikuelewa na mpaka leo sielewi, labda hata yeye alijibu tu ili aninyamazishe.

Wazee hawakupenda. Huku kwetu huwezi kuhesabu watoto wako mbele za watu, wala mbuzi ukiwaelekezea kidole, unajiletea balaa. Na huyu anahesabu mbingu. Mzee mmoja jirani, aliyejua kupanda kwa kuangalia nyota za Kilimia kama baba zake, alikuwa akimngojea njiani makusudi.

"Mwalimu, umemaliza kuhesabu ng'ombe wa Mungu?"

"Ni mmoja tu, baba. Namwangalia kama anakula."

"Na anakula?"

"Wiki hii amekonda."

Mzee alicheka huku akitema mate kifuani kuondoa mkosi, vyote pamoja.

Kuna siku chifu alimtuma askari, kwa sababu mtu alipeleka habari kwamba kuna taa nyekundu inawaka nyuma ya choo cha Mwalimu kila jioni. Askari akaja na rungu. Alitukuta wawili, hii ilikuwa baadaye nikiwa nimeshaingia kazi ya macho.

"Mko wangapi hapa?"

"Wawili."

"Mnapanga nini?"

"Kaa chini," Mwalimu akamwambia, "utuambie ile pale na ile pale, ipi kubwa."

Askari akatazama muda mrefu sana, rungu katikati ya magoti. Akasema ya kushoto. Mwalimu akamsifu. Alirudi mara mbili kwa hiari yake, kisha akahamishwa Kenol akatusahau.

Mambo ya kiazi. Hapa lazima nimtaje mke wangu. Alikuwa Mama Wambui, mwanamke wa kucheka kwa sauti, na alimpenda Mwalimu kwa sababu ndiye mgeni pekee aliyemweleza mambo yeye, si mimi tu. Jioni moja Mwalimu alikuja na habari kwamba angani kuna mawe yanayozunguka jua, makubwa kama wilaya, na hakuna aliyewahi kuona umbo la hata moja, kwa sababu hata kwa darubini kubwa ni nukta. Lakini umbo linajulikana. Mama Wambui akasema huo ni uongo wa mchana.

Mwalimu aliomba kiazi. Akakimenya, akakifunga kwa uzi wa katani, akakining'iniza kwenye boriti ya jikoni, taa ya chemni upande mmoja. Akakisokota kizunguke. Halafu akatuweka mbali, kule kwenye zizi, tuchungulie kupitia kitundu cha karatasi, hivi kwamba kiazi kilikuwa tone la mwanga tu. Mimi niliona tone. Wambui, binti yetu, aliyekuwa msichana mkubwa wa kuolewa wakati huo, aliona tone. Mama Wambui alibandika jicho kwenye kitundu.

"Kinang'aa," akasema. "Kinafifia. Kinang'aa tena, lakini hii ya pili si kama ile. Kinafifia." Akangoja. "Ni kirefu. Kikigeuza ubavu kinang'aa, kikigeuza kichwa kinafifia. Na ubavu mmoja umekatika."

Mwalimu alikimbia, mtu mzima, akaleta kiazi. Kilikuwa kirefu. Ubavu mmoja alikuwa amekikata kwa kisu makusudi, bila kutuambia.

"Ngai," Mwalimu akasema. "Nimefundisha miaka kumi na minane, hakuna aliyeona kule kukatika."

"Kwani ni ajabu? Hata mtu namjua hivyo," Mama Wambui akasema. "Sasa lete, kinapoteza maji." Akakitia kwenye sufuria pamoja na vingine, tukala.

Macho ya Mwalimu yalianza kufa kutoka pembeni. Ndivyo daktari wa Kerugoya alivyomweleza: utaona kama mtu anayechungulia kwenye bomba, na bomba litazidi kuwa jembamba. Aliponieleza alinieleza kama mtu anayesema mvua imechelewa. Kisha akasema, "Uko na nafasi saa moja na nusu?" Nikasema niko nayo. Hakuna kiapo, hakuna chai. Kesho yake nililetewa kigoda cha pili.

Kazi ikawa hivi. Tunaketi. Yeye anauliza, "Ni ngapi?" Mimi nasema. Yeye anarudia nambari kwa sauti kuelekea mlangoni, na Mama Mwalimu, aliyekuwa na mwandiko mzuri kuliko wote wawili, anaandika mezani. Mimi sikuruhusiwa kukikaribia kitabu, kwa sababu jana imekufa. Misimu miwili nilifanya kazi nzuri. Naweza kusema hivyo bila aibu. Niliitazama ile Kigeugeu kama nilivyotazama punje, moja, nyingine, irudie ya kwanza. Alisema barua ilikuja kutoka ng'ambo kwamba nambari zetu ni safi. Zetu, alisema.

Kabla ya msimu wa tatu Mama Wambui aliugua siku nne. Alikufa Alhamisi. Mavuno ya kahawa yalikuwa yamekwisha kwa hiyo watu walipata nafasi ya kuja wengi. Nakumbuka nani alileta ndizi na nani alileta sukari. Nakumbuka kwamba shati langu lilikosa kifungo na mtu akaniazima pini. Mwalimu alikuja akashika sepeto kaburini, akachimba vibaya, mtu akampokonya kwa heshima kwa sababu alikuwa haoni ukingo. Hakuniambia pole. Labda aliniambia, sikusikia. Wambui alikuwa ameshaolewa Kerugoya, alikaa wiki mbili akarudi kwake.

Baada ya hapo nilikuwa natembea. Sina neno jingine. Nilikuwa naamka, nakamua, nakwenda kiwandani, narudi. Chakula kilikuwa na ladha ya maji. Mtu akisema jambo la kuchekesha nilijua ni la kuchekesha, nikafungua mdomo. Sikulia, na watu walianza kunisema kwa hilo. Februari ikafika, Mwalimu akamtuma mtoto wa jirani na ujumbe: kigoda kiko nje. Nikaenda.

"Ni ngapi?"

Nilikuwa nimeinamisha kichwa, natazama viatu vyangu. Nikasema, "Tano."

"Tano!" akapaza sauti kwa mkewe.

Ndivyo ilivyoanza, na usiniulize kwa nini. Shingo tu ilikuwa nzito. Kuinua kichwa, kutafuta jirani mkubwa, kutafuta jirani mdogo, kupasua nafasi katikati, ilionekana kazi ya mtu mwenye nguvu kunishinda. Tano ilikuwa karibu. Kesho yake nikasema tano tena. Kisha nikakumbuka kwamba inabadilika, nikasema sita. Sita, sita, saba, saba. Nikashuka saba, sita, tano. Mvua za Machi zikaja zikakata siku nyingine, hizo nikasema mawingu, mara nyingine nikasahau kusema. Aprili, Mei. Kila jioni nilikwenda. Sikukosa hata moja. Nilikaa kwenye kigoda changu nikatazama viatu, nikasema nambari, nikangoja aingie kula, nikaenda nyumbani.

Julai nilihama. Nilimwachia ndugu yangu shamba nikaenda kwa Wambui Kerugoya, nikapata kazi ya ulinzi kwenye ghala la mchele. Kwa Mwalimu niliaga kama unavyomuaga mtu unayemwona kesho. Habari ya nambari sikumwambia.

Miaka sita. Kila nikifikiri juu yake niliwaza wale watu wa ng'ambo, ambao nilikuwa nimewapa sura ya wakaguzi wa kahawa, wakiingiza mkono kwenye gunia la Mwalimu na kutoa punje mbovu. Mimi najua kazi hiyo. Ukitoa tatu mbovu hutafuti nzuri tena, unasema rudisha gunia lote. Miaka ishirini ya mtu, nyuma ya choo, na mimi ndani yake kama mawe.

Kisha Mama Mwalimu aliandika barua. Kwamba Mwalimu haoni kitu sasa, hata taa. Kwamba ameamua kupeleka vitabu vyote vyenyewe ng'ambo, si nakala, kwa sababu hapa vitaliwa na mchwa, wa kweli safari hii. Kwamba vinaondoka mwisho wa mwezi, na kama ninataka kumsalimu nije.

Nilikwenda Jumamosi. Nilimkuta ameketi uwanjani juani, amenyooka, uso umeelekea kusini ingawa ilikuwa saa nne asubuhi na hakuna kitu kusini ila mawingu ya kawaida. Nyuma yake vitabu vilikuwa vimefungwa kwa kamba ya katani, mafurushi manne. Alinitambua kwa hatua, nikaketi kwenye kigoda cha pili.

"Baba Wambui. Umenenepa."

"Mwalimu huoni."

"Nasikia kigoda."

Mama Mwalimu akaleta uji, akasimama pale pale mlangoni. Nikaona nikingoja atoke sitasema. Nikasema mbele yake. Nilisema ule msimu wa tatu sikutazama. Nambari nilizitoa kwenye viatu. Vifungue hivyo vitabu, ile miezi ichanwe, isije ikaharibu mingine. Nilisema mara moja bila kupumua, halafu nikanywa uji kwa sababu sikujua mikono niiweke wapi.

Kisha Mwalimu akacheka kidogo, kwa pua.

"Mama, lete ubao."

Mama Mwalimu aliingia ndani akatoka na ubao mrefu, kama wa rafu, umepigiliwa misumari midogo, mingi, na uzi wa sweta umepitishwa kutoka msumari hadi msumari. Nilikuwa sijawahi kuuona. Alisema macho yalipokwisha kabisa Mwalimu hakuweza tena kuona michoro yake ya kurasa za mraba, ndipo alipopiga misumari, nambari zikisomwa na yeye Mama Mwalimu, kila msumari jioni moja. Kwenda kulia ni siku. Kwenda juu ni mwanga. Alijipiga vidole mara nyingi.

"Lete kidole," Mwalimu akaniambia. Akakishika, akakiweka kwenye uzi upande wa kushoto. "Hizi ni zako. Msimu wa kwanza. Twende."

Kidole kilipanda. Kilipanda ghafla, mkwaruzo mfupi, misumari michache, kikafika juu. Kisha kikaanza kushuka, polepole, polepole, kama mtu anayeshuka kwenda mtoni na mtungi. Kikafika chini. Kikapanda tena ghafla.

"Unasikia? Inavuta pumzi haraka, inaitoa polepole. Miaka yote ishirini, haijawahi kufanya vingine. Wewe msimu wa tatu ulinipa inayopanda polepole na kushuka polepole, ngazi moja, ngazi moja, kama mtu anapanda kitandani. Hakuna nyota ya namna hiyo. Na jioni moja ulinipa sita nzuri kabisa, na manyunyu yananiingia shingoni."

"Ulijua."

"Siku ya pili."

Nikamgeukia Mama Mwalimu. "Na wewe uliandika?"

"Niliandika," akasema. "Alikuwa anapaza tano, mimi naandika 'Mtazamaji hakutazama.' Tulikubaliana hivyo, ile jioni ya pili, ulipokwenda, na zile tano za kwanza nikazifuta. Kitabu yake hakuna uongo ndani, usijali. Iko safi."

Nilitakiwa kufurahi. Nilihisi zaidi kama mtu aliyebeba mzigo mlima mzima akaambiwa ulikuwa majani makavu. Nikakasirika, kidogo, kwa mbali.

"Basi kwa nini uliendelea kuniita? Februari mpaka Julai, mwanaume mzima, unanitoa kwangu kwa baridi, unaniuliza ni ngapi, ni ngapi, na unajua ni upuzi?"

Mwalimu alinigeuzia uso. Alikuwa na uso wa kuchapa watoto, hata alipozeeka, uso ambao haukujua kulainika.

"Ningekuuliza nini kingine?" akasema. "Habari ya nyumbani?"

Kuku walipita. Mama Mwalimu akachukua bakuli langu.

"Endelea," Mwalimu akasema. "Hujamaliza ubao."

Nikarudisha kidole. Msimu wa pili, kupanda haraka, kushuka polepole. Kisha uzi ukaisha, umefungwa fundo. Mbele yake mbao tupu, laini, mkono mzima na nusu. Hapo ndipo nilipokuwa. Nikapitisha kidole kwenye mbao ile, na katikati ya utupu kikagonga msumari. Mmoja. Uko juu, karibu na kumi, peke yake, hauna uzi.

"Huu?"

"Huo ni wako. Tisa."

"Nilikuambia sikutazama."

"Ulitazama mara moja. Kabla ya hapo ulikuwa unanijibu kabla sijafunga mdomo. Mtu anayetazama hukawia, Baba Wambui. Jioni ile nilikuuliza, ukanyamaza. Ukanyamaza mpaka nikadhani umelala. Nikasikia kigoda kinalia, umeegemea nyuma. Kisha ukasema tisa. Jana yake ulisema nne. Mwongo haruki kutoka nne mpaka tisa, anaona aibu. Na ilikuwa tisa. Nilihesabu pumzi zake kutoka msimu wa pili, ilipaswa kuwa tisa."

"Ilikuwa lini?"

Mama Mwalimu alijibu yeye, bila kufungua furushi. Alisema ni Aprili, mvua ilikuwa imepumzika siku mbili, wiki ile watu walikuwa wanapalilia maharagwe.

Nilikaa na kidole juu ya msumari. Nilijaribu kuirudisha jioni ile. Baridi, blanketi, harufu ya choo, sauti yake. Nilitafuta kilichoniinua kichwa siku ile na si siku nyingine, kama nilimkumbuka mke wangu, kama ndege alilia, kama kulikuwa na neno mtu aliniambia kiwandani. Sikupata kitu. Nimeitafuta tena miaka yote tangu hapo, Mwalimu ameshazikwa, vitabu viko ng'ambo kwa watu nisiowajua, na bado sipati kitu. Sikumbuki kuinua kichwa. Lakini imeandikwa kwamba nilitazama, na aliyeiandika hakuwa akiandika uongo mle ndani, kwa hiyo nilitazama.